Kiti Chenye Mgongo na Faili la Yudith

Jumatatu, 1 Septemba 2025
Barazani kwetu Pangani kiti chenye mgongo ni kimoja tu. Sisi wengine mabenchi. Tumekubaliana: mwenye bendera nyingi kwenye mchezo wa simu ifikapo Ijumaa, kiti chake mwaka mzima. Bendera hupandwa kwa kufika mahali penyewe, kwa miguu, simu mkononi. Luqmani anazo kumi na nne. Mimi tatu. Kiuno changu kinajua nani anastahili.

Jumanne, 2 Septemba
Nimekwenda kwa Yudith, fundi simu. Shikamoo ya adabu, kisha kanitilia mchezo uleule, ila uliochokonolewa. Ndani mna faili la maelekezo. Unaandika mahali, mwendo na saa, kimtu chako kinatembea chenyewe, wewe umejilaza. Akasema babu, kabla hujagusa saa niulize. Nikamwambia saa nilianza kuzisoma mama yake hajaolewa.

Jumatano, 3 Septemba
Nimeandika mwenyewe. Mahali: Mwera, bendera kumi na mbili. Mwendo: wa mzee mwenye afya. Saa: 8 hadi 10. Kesho mchana saa hizo Luqmani atakuwa kashiba wali, anakoroma. Darasa la nne langu limetosha kabisa.

Alhamisi, 4 Septemba
Saa mbili asubuhi, kahawa. Nimebanana benchi moja na Luqmani. Akatazama simu. Akanitazama. Akatazama simu tena. Akawauliza wenzetu kama mimi nipo hapa. Wakasema nipo. Akasema ajabu, maana huko Mwera napanda bendera ya nne, na kiuno hakinisumbui. Nikasingizia mtandao. Semeni muuza kahawa akaniminya bega, akasema mzimu hauna joto, huyu ndiye.
Hapo nikang'amua. Faili linahesabu saa za Kizungu. Nane yangu ya mchana, kwake ni mbili asubuhi.
Baraza halikudanganyika: bendera zangu zimefutwa. Luqmani kakalia kiti siku moja kabla. Mimi nimekabidhiwa birika, niwamiminie wiki nzima, wima.

Ijumaa, 5 Septemba
Luqmani kaegemea, anasema kumbe kiti hiki kinanesa. Nimemmiminia kahawa. Nimeomba turudie mashindano, kakubali huku anacheka.
Acheke. Kosa lilikuwa saa tu, na nimezirekebisha bila kumsumbua Yudith. Na kwa kuwa nimeachwa nyuma, mwendo nimeuongeza kidogo: kilomita mia tisa kwa saa. Horohoro mpakani na kurudi kabla wali haujapoa. Watasema tu mzee kapona kiuno.