Kumbia ya Peru kwenye Harusi ya Alyaa

Jumapili, 5 Januari 2025. Sur.
Nimekasirika mpaka chai imenishinda. Dada yangu Rawya anamwoza binti yake Alyaa Alhamisi, na muziki kampa Ghanima! Binti wa ami yetu, mwenye nyimbo kumi na mbili, zile zile tangu nimjue. Mimi nina nyimbo za kumbia ya Peru, saa mbili nzima, nimeziunganisha hujui wimbo upi umeisha na upi umeanza. Rawya kasema ukumbi ni wa wanawake, mwanamme hatii mguu, niache ujinga. Kwani nimeomba kuingia mimi? Muziki ndio uingie!

Jumatatu, 6 Januari.
Nimekwenda mtaa wa Aija kwa shangazi, Bi Mahfoudha. Shikamoo ya adabu, na haluwa ratili nzima. Nikamweleza: kumbia asili yake Kolombia, Waperu wakaitia magitaa ya umeme miaka ya sitini. Watu wa milimani wakahamia Lima, wakadharauliwa, wakazichanganya humo nyimbo za kwao, wakacheza. Nikamsikilizisha gitaa. Bega likaanza kucheza lenyewe! Kasema huu muziki wa watu waliohama, anaujua, naye alivuka bahari kuja huku. Kampigia Rawya papo hapo. Nimepewa nusu saa, na Ghanima ataichomeka flashi yangu kwa mkono wake mwenyewe. Apasuke!

Jumatano, 8 Januari.
Sina raha. Ikipendeza, sifa atazoa Ghanima. Asiyekuwapo na lake halipo. Jasho langu, jina lake? Haiwezekani! Kule Lima DJ huwasalimia watu kwa sauti juu ya muziki. Nami nimejirekodi chooni, sauti imetoka nzito, ya kiume khasa. Nimeitia katikati ya nyimbo.

Alhamisi, 9 Januari.
Alasiri, nje ya ukumbi, na wanaume wenzangu. Kumbia ikaanza. Vigelegele! Machozi yalinilenga, sifichi. Mara mayowe. Sauti yangu inanguruma humo ndani: "DJ Adham nipo! Nakuoneni nyote! Wewe wa nguo nyekundu, nakuona!"

Ndani, nilivyosimuliwa: wanawake vichwa wazi, nguo za harusi, kila mmoja anatafuta abaya ya kujisitiri, yake au ya mwenzake. Bi harusi chini ya meza. Bi Mahfoudha na mkongojo wake, anapekua mapazia akinitafuta. Ghanima kaichomoa flashi, kaweka nyimbo zake kumi na mbili, sasa ndiye shujaa. Rawya kaja mlangoni. Wa nguo nyekundu ni mama mkwe wa Alyaa. Rawya kasema nisimkanyagie nyumba yake mpaka mjukuu wa kwanza azaliwe.

Jumamosi, 11 Januari.
Hasira hazijanitoka. Dakika kumi na moja walicheza, hakuna anayelisema hilo! Nimempigia Alyaa kumwomba radhi. Kakata simu. Imeniuma, huyu nimembeba mgongoni.

Lakini Nasr, mwenzangu wa ofisini, anaoza binti yake mjini Ibra mwezi ujao, na habari hazijamfikia. Kosa nimeshaliona. Nimerekodi upya, kwa upole: "Kina mama, msiogope. Ni mimi tu, Adham. Nimefumba macho."