Dirisha Lililobaki Upande wa Mke Wangu

Jumapili, 8 Juni

Siku ya kumi na mbili bila mke. Chai imeungua. Sikujua kama chai huungua.

Saa kumi na mbili jioni simu ikaita mlio wa ujumbe. Nikaruka kitini. Ni yeye. Amecheza drafti, sasa ni zamu yangu, na mchezo unanipa siku saba. Asipoona nimecheza mpaka Jumapili saa kumi na mbili jioni, Jumatatu kaka yake atakuja kuchukua mashine yake ya kukatia kadi. Hata salamu hakuweka.

Mashine ile ndiyo kazi yake. Ikitoka humu ndani, basi tena, harudi. Hilo hata mimi nalielewa.

Niandike ukweli kwa kuwa hakuna anayesoma. Mke wangu hutengeneza kadi za harusi. Mwezi uliopita nikamsaidia bila kuombwa. Nikahamisha majina mawili matatu ili mistari ilingane. Kadi mia mbili zikachapwa, zikagawiwa, ndipo ikaonekana bibi harusi anaolewa na baba yake mzazi. Mke wangu hakupiga kelele. Alitaka neno moja tu kutoka kwangu: samahani. Nikampa maelezo ya dakika arobaini. Kwamba kosa ni la kompyuta. Akang'oa skrini yake kubwa, akaenda kukaa kwa kaka yake.

Haidhuru! Kusogeza kete moja kuna kazi gani? Nikafungua mchezo kwenye kompyuta, maana kwenye simu yangu haumo. Muziki ukalia. Kete ikagonga, tok. Nikatazama skrini yangu. Patupu. Kitufe cha mchezo kinawaka pale chini, maana yake uko wazi. Uko wazi wapi?

Nimeduwaa dakika ishirini ndipo nikang'amua. Tulikuwa tunacheza kwenye skrini yake, upande wa kushoto wa meza. Mchezo umekariri mahali pake. Bado unafungukia kule. Na kule hakuna skrini. Kuna mstatili usio na vumbi.

Kaka yake, yaani shemeji yangu, ni fundi kompyuta. Angelimaliza jambo hili kwa dakika moja. Simpigii ng'o! Ndiye aliyetangaza ukweni kwamba niliosha kibodi kwa maji na sabuni. Tangu siku hiyo naitwa Bwana Povu. Hata mama mkwe ananiita hivyo, tena mbele ya wageni.

Kompyuta ina stika yenye namba yake ya simu. Nimeigeuzia ukutani.

Jumatatu, 9 Juni

Nimepata mbinu, tena nyepesi hadi nikacheka peke yangu. Kama dirisha limefungukia kushoto, niipeleke skrini yangu kushoto!

Nikaivuta hadi kwenye mstatili wa mke wangu. Hola. Nikadhani kompyuta haijagundua. Nikaizima, nikaiwasha. Hola. Nikasogeza zaidi, labda dirisha liko nje ya meza kabisa. Waya ukafika mwisho, ukakaza, ukavuta kompyuta, kompyuta ikasukuma chupa ya chai. Chai ya kuungua imeingia kwenye kibodi na kwenye soketi. Cheche!

Mwalimu akabisha hodi. Ni jirani wa mlango wa pili, mzee mstaafu, mjane. Nikampa shikamoo huku nikiwa chini ya meza. Akauliza kama nahama. Nikasema napanga upya nyumba. Akatazama pale meza ilipo tupu, akauliza mama wa nyumba yu wapi. Nikasema kaenda kumsalimu kaka yake. Akaitikia "ahaa" ndefu ambayo sikuipenda.

Zimebaki siku sita. Bado nina akili zangu.

Jumanne, 10 Juni

Leo nimetumia kompyuta ya kazini. Mimi ni karani wa stoo katika kiwanda cha magodoro, na saa ya chakula bosi huwa hayupo. Mchezo nikaupata. Ukataka nywila. Nywila aliiweka mke wangu, kompyuta ya nyumbani ndiyo inayoijua. Nikabonyeza "umesahau?" Likaja swali alilolichagua yeye: siku tuliyofunga ndoa.

Vizuri! Tarehe kumi na nne. Hapana, ikagoma. Kumi na sita? Ikagoma. Jasho likanitoka. Nikajaribu ishirini na moja, maana nakumbuka ilikuwa Jumamosi na mvua ilinyesha. Nikafungiwa. Imesema nirudi baada ya siku saba.

Dada wa mapokezi alikuwa nyuma yangu muda wote akila karanga. Akauliza kwani nilikuwa naulizwa nini. Nikamwambia. Akaacha kutafuna. Akasema mume wake akikosea ile tarehe mara moja, analala sebuleni. Nikamwambia mimi nina nyumba nzima ya kulala nitakavyo. Nilidhani nitacheka nikisema hivyo. Sikucheka.

Jumatano, 11 Juni

Kama skrini ya pili haipo, nitatengeneza ya pili! Mbona sikufikiri mapema?

Nikamwendea Mwalimu, nikamwambia kuna waya nataka kuupima kwenye televisheni, nusu saa tu. Akaniazima. Ni televisheni kubwa kweli, nimeibeba kwa magoti. Nikaisimamisha kushoto, nikaigeuza kompyuta, stika ikatazama chumbani, nikachomeka, ikawaka. Nikapiga kofi la furaha.

Kompyuta, kwa ukaidi wake, ikaiona televisheni kuwa iko kulia. Dirisha liko kushoto. Nikaihamishia televisheni kulia. Haikusaidia. Kumbe kompyuta ina kulia yake na kushoto yake, haijali ninavyopanga mimi.

Halafu televisheni ikaonyesha picha iliyokuwa kwenye skrini ya mke wangu. Harusi yetu. Uso wake umejaa kioo kizima, anacheka, mimi niko pembeni nimekatwa sikio. Chini kwenye kona, kwa rangi ya dhahabu: tarehe ishirini na tatu.

Ishirini na tatu! Nikakaa sakafuni.

Mwalimu akaja kudai televisheni yake, taarifa ya habari inaanza. Akaikuta picha. Akauliza muziki unaolia ni wa nini, nikasema ni drafti yetu, mimi na mke wangu. Baadaye akasema yeye na marehemu mkewe walicheza drafti miaka thelathini, na siku hizi anacheza pande zote mbili mwenyewe. Akasema mkewe amekwenda mahali pasipo na simu, lakini wangu yuko umbali wa dakika kumi na tano kwa miguu. Nikamwambia mtandao una shida.

Nimemsaidia kubeba. Nyumba ni kubwa sana jioni hii.

Alhamisi, 12 Juni

Nimejikaza kisabuni. Kama sioni, nitacheza kwa masikio!

Nikafungua mchezo, nikaanza kubonyeza vitufe vya mishale na kile cha kuingiza, huku nimetega sikio. Juu, kulia, ingiza. Kimya. Chini, chini, ingiza. Plip! Sauti mpya kabisa. Nikaendelea hapohapo. Plip, plip, plip. Nilijua ninakula kete zake moja baada ya nyingine. Nikaanza hata kumwonea huruma.

Simu ikalia mlio wa ujumbe. Mke wangu anauliza mbona nimemtumia kidole gumba mara kumi na tisa, nina maana gani.

Alikuwa ameniuliza swali! Baada ya siku kumi na sita, swali zima! Ningeweza kusema dirisha limepotea. Ningeweza kusema lolote. Nikaandika: "Ni mkakati."

Akajibu: "Sawa."

Nimeisoma hiyo "sawa" mpaka herufi zimechoka.

Ijumaa, 13 Juni

Shemeji amepiga simu. Mwenyewe! Nilikuwa stoo nahesabu magodoro, nikapokea kwa bahati mbaya. Akacheka kwanza, kisha akauliza hali. Akasema dada yake amemwonyesha vile vidole gumba, naye amekwisha kisia: dirisha limetoka nje ya skrini, sivyo, Bwana Povu? Akasema ni kitu kidogo tu, hata wakubwa wa maofisi huwapata. Akaanza kunielekeza. Bofya mchezo pale chini, halafu ushike kitufe cha Alt, halafu...

Nikamkata kauli. Nikasema mchezo wangu uko sawasawa, nafikiria tu kete ya kusogeza, mimi si mtu wa pupa. Akasema: shem, dada hali chakula vizuri, hebu njoo. Nikasema nina magodoro.

Nimekaa juu ya godoro namba mia na kumi mpaka saa ya kutoka.

Jumamosi, 14 Juni

Shika Alt, halafu nini? Halafu nini, jamani!

Asubuhi nzima nimejaribu Alt na kila kitufe kilichopo. Alt na A. Alt na B. Nilipofika Alt na F4, kila kitu kikafungika. Nikaanza upya.

Alasiri nikapiga moyo konde, nikaenda kwa shemeji. Nimeoga, nimevaa shati la mikono mirefu. Njiani nilikuwa nalisema lile neno kwa sauti. Samahani. Samahani. Muuza vocha akaniambia usijali, kaka.

Nikafika getini. Mkono ukainuka kubisha, ukagoma. Ndipo nikaona dirisha la sebule liko wazi, na ndani iko skrini yake kubwa, na kwenye skrini liko bao la drafti! Bao letu! Mke wangu ameketi mbele yake, kashika shavu, anatazama tu.

Nikafikiri haraka. Nikiona bao kutoka hapa, sihitaji kubisha. Nikapanda juu ya tofali. Nikaona nyekundu nyingi na nyeupe kidogo. Nikaongeza tofali la pili. La pili likayumba, nikashika geti, geti likalia ng'rii. Mke wangu akageuka.

Nikachuchumaa nyuma ya tangi la maji. Nimekaa pale mpaka magoti yakafa ganzi. Hakuna aliyetoka. Lakini nilisikia dirisha likifungwa, taratibu, si kwa hasira. Afadhali angelibamiza.

Nimerudi na shati lenye kutu.

Jumapili, 15 Juni

Nimelipata! Nimelipata! Niandike kwa utaratibu.

Saa kumi na moja na robo, Mwalimu akaingia bila kusubiri karibu. Ana karatasi. Kumbe ile siku ya televisheni alinakili namba kwenye stika, na leo kampigia shemeji mwenyewe. Ameandika kwa mwandiko wa ubaoni. Bofya mchezo pale chini. Shika Alt, bonyeza kile kitufe kirefu. Bonyeza M. Bonyeza mshale wa kulia, usiachie.

Nikabonyeza, sikuachia. Ukingo mwembamba ukachungulia kushoto. Ukaongezeka. Dirisha likaingia lote, polepole, na bao letu ndani yake. Nilitokwa na machozi, nasema kweli. Mwalimu akanipiga begani, akasema nicheze mara moja, kisha akaenda zake.

Dakika arobaini zimebaki. Nikatazama bao. Kingi yake, kete kubwa kuliko zote, imesimama wazi mbele ya kete yangu. Mtu anayejifunza leo angeiona. Nikiila nimeshinda. Miaka sita hajawahi kuacha kingi hivyo! Pembeni kuna sehemu ya ujumbe. Vidole gumba kumi na tisa, na juu yake maneno yake ya Jumapili iliyopita: "Nimekuachia. Kula, kisha uniambie lile neno moja. Nimechoka kulala kwa watu."

Wiki nzima maneno hayo yalikuwa hapo kushoto.

Mkono ulikuwa kwenye kipanya tayari. Lakini nikaona si uungwana kula kwanza. Nianze na neno, halafu nile. Na neno lenyewe haliwezi kuja bila utangulizi, atadhani nakiri kwamba kadi niliziharibu mimi. Nikaanza kumwandikia. Kwamba mistari ya kadi ilikuwa haijalingana toka mwanzo. Kwamba kompyuta ina kulia yake na kushoto yake, nimeshuhudia kwa macho yangu. Kwamba majina marefu ni tatizo la wazazi wa watu. Nikaeleza televisheni. Nikaeleza tofali. Yalikuwa maelezo mazuri, yalikuwa yanatiririka. Nilifika kwenye "kwa hiyo mke wangu, baada ya hayo yote, nina haya ya kusema, sa".

Dirisha likageuka kijivu. Muda umekwisha. Umeshindwa.

Nikabonyeza Alt na kitufe kirefu. Nikabonyeza M. Nikabonyeza mishale yote. Dirisha lilikwenda kulia, likarudi kushoto, lina maneno yaleyale.

Jumatatu, 16 Juni

Shemeji amekuja saa mbili asubuhi. Hakucheka. Hakuniita Bwana Povu, kaniita kwa jina langu, na hapo ndipo nilipoogopa. Nikamsaidia kubeba mashine ya kukatia kadi mpaka kwenye gari. Akauliza kama nina neno la kumpelekea dada yake. Nikamwambia ninalo, lakini linahitaji utangulizi kidogo. Akafunga mlango wa gari.

Meza sasa ina mistatili miwili isiyo na vumbi.

Nimekaa nayo asubuhi nzima nikitafuta kosa liko wapi, na nimelipata. Ni kibodi! Vitufe vimekuwa vizito tangu ile chai ya Jumatatu. Ningeandika haraka ningemaliza kabla ya saa kumi na mbili, na saa hizi yuko hapa ananisonya. Kompyuta tena. Ni hilo tu la kumweleza, atanielewa.

Nimeweka maji ya uvuguvugu kwenye beseni. Safari hii sabuni kidogo tu.