Koti la Mwenyekiti

Kwa heshima na taadhima, natangaza kwamba Kamati ya Kutenganisha Kweli na Usanii, niliyoiongoza mimi mwenyewe, imemaliza kazi yake kwa mafanikio makubwa. Wenye husuda wanasema nimetimuliwa. Hao tuwaachie Mungu.

Kazi yetu haikuhitaji digrii. Filamu ya matukio ya kweli hupewa kibali cha kijani, ya kubuni cha njano. Sasa akatokea dada mmoja, tukambandika jina Bi Kamera, hana kampuni wala bosi, anataka kumpiga picha mama yake anayepoteza kumbukumbu. Nusu maisha halisi, nusu vivuli na sauti zisizo na wenyewe. Nikamuuliza anataka rangi gani. Akasema zote mbili. Jamani, kibali cha rangi mbili kitatoka wapi?

"Mzee, mama bado ananiita kwa jina," akaniambia. "Nataka nimrekodi kabla hajalisahau."

Nilimhurumia kwa mujibu wa utaratibu. Nikamwambia suala lake linafanyiwa kazi, asubiri benchini. Kisha nikatundika koti langu kwenye kiti, nikatoka. Msiojua utumishi wa umma niwafunze: koti likiwa kitini, bosi yupo. Mwili unaweza kuwa kwa kinyozi au kwa shemeji, ofisi haina pengo.

Bi Kamera alisubiri hadi benchi likamzoea. Mlango ulikuwa wazi, na kamera anayo. Mkono mtupu haulambwi, lakini mkono wenye kamera haukai bure.

Waziri alipokuja kutukagua, akaomba aone filamu moja iliyotushinda kuipa rangi. Bi Kamera akawahi kuweka yake. Ukutani likatokea koti kwenye kiti. Mhudumu analiletea chai, baadaye anaiondoa imepoa. Wananchi wanaingia, wanaliamkia shikamoo, wanaeleza shida zao, wanatoka wakishukuru. Babu mmoja analiomba radhi kwa kupaza sauti.

Nikasimama kishujaa. "Mheshimiwa, hii ni ya kubuni. Ofisi ya namna hii haipo nchini."

Waziri akatazama ukutani, akanitazama mimi. Kitufe cha tatu cha lile koti kilikuwa chekundu, vingine vyeusi. Na cha koti nililovaa hivyo hivyo, mke wangu alikosa uzi na kitufe cheusi siku moja.

"Koti tumeliona kazini," akasema. "Wewe hatujakuona. Livue."

Bi Kamera akapewa vibali vyote viwili palepale. Nasikia filamu yake inaanza na mama akimwita kwa jina. Aliwahi, na hilo lilinifurahisha, ingawa sikuombwa maoni.

Koti sasa ndilo Kaimu Mwenyekiti. Juzi baridi ilinizidi, nikaenda kuliomba. Mhudumu akanionyesha benchi. Zamu yangu ilipofika nikaliamkia, nikaeleza shida yangu yote.

Linasema suala langu linafanyiwa kazi.