Gesi ya Kisima Changu

Jumatatu, 4 Machi 1974

Mtaalamu wa maji amerudi hapa kijijini Kimulot na majibu ya vipimo. Kisima changu kina gesi! Inaitwa radoni. Inatoka kwenye mwamba, haina rangi wala harufu, na ukiivuta miaka mingi inaharibu mapafu. Kisima cha jirani yangu Irungu kinayo pia. Hapo niliumia. Nilitaka niwe nayo peke yangu.

Tiba, asema mtaalamu, ni upepo. Mimina maji ndoo hadi ndoo, nje uani, gesi iende zake. Ndoo! Mimi, Nyang'au, niliyemaliza darasa la nane? Nitaunda mashine. Irungu atakoma.

Jumanne, 5 Machi

Mashine tayari: pipa, mpira wa maji, na bomba la kunyunyizia ng'ombe dawa ya kupe. Iko jikoni. Madirisha nimeziba kwa magunia, Irungu asiibe ujuzi. Mke wangu Jerusa akauliza kama mtaalamu hakusema nje. Nikamjibu kwamba mtaalamu hana jirani kama Irungu.

Jumatano, 6 Machi

Maji yanaruka vizuri ajabu! Chai ilinuka dawa ya josho. Nilikunywa vikombe viwili nikitabasamu. Jerusa alimwagia mgomba chake.

Nilichungulia kwenye ua. Irungu na mkewe Wakonyo wanamimina ndoo hadi ndoo, wanacheka. Washamba!

Ijumaa, 8 Machi

Mtaalamu amekuja kupima. Maji ya Irungu safi. Yangu pia safi! Nilijipigia makofi. Kisha akapima hewa ya jikoni. Sindano ya kipimo chake ikaruka. Akasema gesi sijaiondoa, nimeihamisha tu: ilikuwa kisimani, sasa iko puani mwa watoto.

Irungu, ambaye hakuna aliyemwalika, alicheka mpaka akashikilia mlango. Jerusa hakucheka.

"Baba Kemunto," akasema, "chagua. Hiyo mashine ama sisi."

Nikaomba muda wa kufikiri. Kosa.

Jumamosi, 9 Machi

Jerusa amebeba sufuria na watoto, wamehamia kwa Wakonyo. Wanakunywa maji ya Irungu! Binti yetu Kemunto alinipungia mkono kutoka upande ule. Nimekula ndizi mbichi. Nyumba imenyamaza vibaya.

Jumapili, 10 Machi

Mwanamume hukubali kosa. Baada ya kanisa nimemtumia Jerusa ujumbe: rudi, mama, mashine nimeitoa jikoni kabisa. Amekubali. Wanarudi jioni.

Sikudanganya. Iko chumba cha kulala. Dirisha la huko ni dogo, gunia moja tu limetosha.