Sahani za Bamama

Jumapili, 7 Novemba 1993
Mvua. Bibi yangu Euphrasie angali kwa dada yake, kule mtaa wa Woluwe. Hatarudi, anasema, mpaka niache mipango yangu ya bure. Bure! Mtaa wetu wa Anderlecht mzima, nani ana mipango kama mimi?

Leo televisheni ya Waingereza imeonyesha michezo yao ya zamani, ya kisha vita, picha nyeusi na nyeupe. Hamissi, jirani Mrundi, akanitafsiria: siku zile yote ilitoka en direct, moja kwa moja, ukikosea nchi nzima inakuona. Bwana mmoja, koti la mkia, akazungusha sahani juu ya fito, mbio huku na huku. Makofi! Bibi yake, nina hakika, hakuwa kwa dada yake.

Jumanne, 9
Papa Kabamba anamaliza matanga ya mama yake Jumamosi, salle ya paroisse, ule ukumbi wa parokia, mtaa wa Koekelberg. Euphrasie atakuwa pale. Nikaomba kuongoza programu namna ya wale Waingereza, na sahani juu ya fito. Akasema Numbi na gitaa yake anatosha. Numbi! Nyimbo tatu, zote zile zile. Nikamulilia. Bon, akanipa nafasi kidogo.

Alhamisi, 11
Mazoezi na sahani za plastiki. Hamissi anashauri nibaki nazo. Aka! Mwingereza alizungusha plastiki?

Jumamosi, 13
Mungu wangu. Arusi zetu, matanga yetu, yote tunakulia sahani za mutualité ya bamama, chama chao cha kusaidiana. Euphrasie ndiye mutunzaji wa zile sahani. Ata kijiko hakitoki bila ruhusa ya maman Lucienne, présidente. Mimi nilizibeba bamama wakisali.

Ya kwanza ikazunguka. Ya pili. Ya tatu. Euphrasie akatabasamu, naapa! Nikabaki kumutazama. Zote zikashuka juu ya rundo la zile zingine, zikavunjika.

Halafu Numbi, mushenzi yule, akapiga gitaa kufunika haya yangu. Watu wakala wali mu makaratasi. Maman Lucienne akamunyang'anya Euphrasie ufunguo wa kabati mbele ya wote. Euphrasie hakunitazama tena. Nililia mu choo.

Jumapili, 14
Euphrasie ametuma shemeji kuchukua nguo zake, ata za baridi. Nyumba tupu, roho inauma. Hamissi ameleta chai: niende kuomba musamaha, basi, nisiguse kitu. Nikamujibu, kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi.

Maana wale Waingereza walikuwa na bwana mwingine mu ile michezo. Anarusha visu kuzunguka mwanamuke aliyesimama ku ubao, ata kimoja hakimugusi. Na visu havivunjiki! Donc kunakosa mwanamuke tu. Kesho namupigia Euphrasie simu.