Yah: Muuguzi Aliyenizuia Kumbusu Mjukuu Wangu

Kwa Daktari Mkuu wa Zahanati,

Mimi ni fundi cherehani wa ng'ambo ya zahanati yako, niliyeshona yale mapazia ya kijani. Kwa heshima zote, namshtaki muuguzi wako wa kliniki ya watoto, yule mrefu mwenye miwani.

Jumatatu nilikuja na binti yangu na mjukuu wangu wa kwanza, mwenye siku tisa. Pembeni mwa mdomo nilikuwa na malengelenge, yale ya baada ya homa. Nilipoinama kumbusu mtoto, muuguzi akaweka kiganja katikati yetu, mbele ya akina mama kumi na mmoja. Malalamiko yangu ni haya:

1. Alisema malengelenge yale si homa inayoaga mwilini, ni kirusi. Nina miaka hamsini na nane, na homa zangu zote zimeaga hivyohivyo.

2. Alisema huenda nilikipata utotoni kwa busu la ndugu, na tangu hapo kimelala kwenye mshipa wa fahamu usoni, kikiamka nikiugua, nikichoka au nikipigwa na jua. Mgeni gani huyo asiyepiga hodi? Niliomba dawa ya kumfukuza. Akasema haipo, ipo ya kumfupishia ziara tu, nikiiwahi mdomo ukianza kuwasha.

3. Nilipomweleza mume wangu, ambaye na yeye malengelenge humtoka, akaanza kuuliza nani alimwambukiza nani. Uchunguzi umeshafika kwenye uchumba wetu. Amejitengea kikombe na kukiandika jina.

4. Muuguzi alisema watu wengi mno wana kirusi hicho na wengine hawajui. Kama ni hivyo, kwa nini nionewe peke yangu? Midomo yote ya mtaa huu ikaguliwe, isajiliwe, na yenye makosa ishonwe. Uzi nitautoa mimi.

Nilimwambia nampenda mjukuu wangu. Akanishika bega: "Bibi, upendo wako hauna tatizo. Ila mtoto mchanga hivi hana kinga, kirusi hiki kinaweza kumuua. Subiri upone kabisa." Nililia njia nzima mpaka nikapitiliza mlango wangu mwenyewe.

Naomba ahamishiwe kituo kisicho na mabibi.

Nisalimie wahudumu wote na mlinzi wa getini, isipokuwa yeye.

Wako aliyedhalilishwa mdomo,
Fundi cherehani, bibi mzaa mama.

N.B. Kidonda kimepona. Leo, kabla ya kuileta barua hii, nimepita kumbusu mtoto, nikamkuta bibi mzaa baba ameinama juu yake na malengelenge mdomoni. Nimemvuta gauni mpaka mshono wa kiunoni ukaachia, kisha nikamsomea habari za mshipa wa fahamu, neno kwa neno, bila kupumua. Amenuna na anakuandikia kunishtaki. Tafadhali usimsikilize, na muuguzi asiguswe. Kama kuna nafasi ya msaidizi wake, mimi niko huru kila Jumatatu.