Hopkin Kofia Anazikwa Jumamosi

Gazeti la Jumatano lilifika kwa Zanelli, Mtaliano mwenye mgahawa, likiwa tayari na doa la mchuzi wa pai. Mostyn Gazeti akalisoma kwa sauti kama mhubiri aliyenyimwa kanisa. Elwyn Pugh, beki wa kati, kijana wa bonde hili hili la makaa hapa Wales, hataichezea Wales Jumamosi dhidi ya Uskoti kule Cardiff. Klabu yake ya Uingereza ina mechi siku hiyo, imekataa kumwachia.

Wote wakamgeukia Hopkin, baba mtu. Jina la Kofia walimbandika wao, kwa kuwa Elwyn alipoichezea Wales mara ya kwanza alipewa ile kofia ya heshima yenye kishada, na mzee akaivaa mpaka kwenye beseni la kuogea. Lakini mechi yenyewe ilichezwa Belfast, ng'ambo ya maji, na mapafu yake yameshiba vumbi la makaa. Hakuiona. Cardiff ndiyo aliyokuwa akiingojea, safari ya garimoshi moja tu. Daktari alimshauri asipange kungojea nyingine.

"Hongera, mzee," akasema Idris Sanduku, fundi wa majeneza. "Mwanao amekuwa mtu mkubwa. Hata nchi yake haiwezi kumpata."

"Wamemnunua," Mostyn akadakia.

"Wamemnunua mzima? Hata mguu wa kushoto? Ule si wa kuchezea, ule ni wa kusimamia tu!"

"Idris, kejeli zako wapelekee wateja wako," Hopkin akamkata. "Wao hawajibu."

Zanelli akaegemea kaunta. "Sasa hao Waingereza humruhusu mtu lini?"

"Akifiwa," akasema Mostyn. "Hapo hawana ujanja."

Macho yakamrudia Hopkin, taratibu.

"Mnaniangaliani?"

"Mzee Hopkin," Idris akashusha sauti kwa upole wa kikazi, "kwa kikohozi hicho umeshafika robo tatu ya safari. Tunakuomba hiyo robo iliyobaki, tena ya kuazima tu."

"Na Cardiff nitakwendaje, mimi marehemu?"

"Kwa garimoshi la saa nne, kama wenzako. Marehemu wana behewa lao?"

"Elwyn atafika Ijumaa," Mostyn akapanga kwa vidole, "atakukuta mzima, mtacheka, Jumamosi anaingia uwanjani. Waingereza watajua baadaye."

Hopkin akakohoa, akajifuta, akawaza. Kufa hakukumtisha. Kilichomtisha ni kufa akiwa hajaona.

"Nimekufa na nini?"

"Kifua."

"Kifua kila mtu anakufa nacho hapa! Andika nimeangukiwa na mwamba."

"Shimo la makaa limefungwa mwaka wa tatu huu, mzee. Mwamba ukuangukie wapi, hapa kwa Zanelli?"

"Haya, kifua," Hopkin akakubali, kwa kinyongo.

Mostyn akaenda posta kuipigia telegramu klabu ya Elwyn. Akarudi kifua mbele kama waziri.

Ijumaa mchana mlango wa mgahawa ukafunguka, akaingia Elwyn na suti nyeusi, macho mekundu. Nyumbani alikuta mlango umefungwa, akaja kuuliza maiti iko wapi. Maiti ilikuwa kwenye kiti cha dirishani, inakula pai.

Begi likamwanguka. Akamkumbatia baba yake mpaka mzee akakosa pumzi. Wakamweleza yote, wanacheka. Elwyn hakucheka.

"Telegramu aliandika nani?"

Mostyn akainua kidole.

"Mzee Mostyn, nani alikutuma uandike mazishi ni Jumamosi saa nane mchana?"

"Kwani mtu anazikwa lini, mwanangu? Mazishi ni Jumamosi, watu wa zamu wasikose."

"Zamu gani? Bonde zima hakuna mwenye kazi!"

Idris akakuna kidevu. "Kusema kweli, hata mimi ningeandika Jumamosi."

"Klabu imekiambia chama cha mpira cha Wales kwamba kesho namzika baba. Nafasi yangu kapewa mwingine. Kwa heshima, wamesema." Elwyn akaketi kwa kishindo. "Na wachezaji wote watavaa vitambaa vyeusi mkononi kwa ajili yako, Baba. Kabla ya mpira kuanza uwanja mzima utasimama kimya kukuomboleza. Watu elfu arobaini."

Hakuna aliyethubutu kumtazama Hopkin. Mzee akaisukuma sahani pembeni. Alijua hakuna mechi nyingine.

"Elfu arobaini?"

"Elfu arobaini."

"Na wewe kesho huna kazi?"

"Nina mazishi, Baba."

"Basi tutasimama pamoja huko Cardiff. Zanelli, tufungie pai za safari." Akakohoa kikohozi kirefu, akamshika mwanawe mkono. "Ila wakishanyamaza, Elwyn, nizibe mdomo. Nisije nikawaharibia."